Nani Alilima Shamba la Mzee Romanus

Mzee Romanus Kapinga hakuwahi kuwa tajiri, hakuwahi kuwa mwenyekiti wa kitu chochote, na kwaya ya kigango ilimtoa mwaka wa pili kwa sababu sauti yake ilikuwa inakwenda Mbamba Bay wakati wenzake bado wako Mbinga. Lakini kupanga majani alijua.

Sisi huku Namswea tunalima kwenye miteremko ambayo mgeni akiiona anauliza kama mbuzi wetu wana breki. Kinachotushikia udongo ni ngolo. Wanaume wanafyeka majani na kuyapanga chini kwa mistari inayokatizana, kama wavu uliotandazwa mlimani. Kisha wanawake wanachimba udongo wa katikati ya kila mraba na kuyafukia yale majani. Panabaki shimo, mvua ikija maji yanatulia humo, na shamba linabaki lilipo badala ya kuhamia bondeni. Mwanaume anapanga, mwanamke anachimba. Hakuna aliyeandika popote na hakuna asiyejua. Mistari ya Romanus ilikuwa minyoofu kiasi kwamba mabwana shamba walileta wageni waipige picha, naye akisimama pembeni na fyekeo lake kama mtu aliyepata kipaimara jana.

Mchimbaji alikuwa mkewe, Lidia. Na Lidia hakuchimba peke yake, alichimba na jirani wa ng'ambo ya kijito, Ottilia Ndunguru. Leo kwa huyu, kesho kwa yule, miaka ishirini na mitatu. Ukipita njiani ulisikia majembe mawili na mdomo mmoja, wa Ottilia.

Lidia akafariki kwa presha, wiki mbili kabla ya Machi, msimu wenyewe wa kuchimba. Binti yao pekee, Avelina, alishaolewa chini ziwani, Kihagara, kwa mvuvi Mwanglikana ambaye Mzee alichukua miaka minne kumkubali na dakika kumi kumzoea, baada ya kuletewa samaki wake wa kwanza, mbasa. Basi Romanus akabaki na shamba na majani, jembe hana. Angeweza kuwaita wanawake wa jumuiya, wangekuja. Lakini kuna wanaume ambao kuomba kwao ni sawa na kuvuliwa suruali sokoni. Msimu wa kwanza shamba likalala. Wa pili likalala. Mwaka wa tatu, Oktoba, majani yamefika kifuani na yamekauka, Mzee akafanya kitu ambacho mtu wa ngolo hafanyi, kwa sababu majani ndiyo mbolea yake. Akatoa kiberiti.

Upepo wa Oktoba kwetu hauna adabu. Moto uliruka kijito kana kwamba haukukiona. Ukala mibuni ya Ottilia mia mbili na zaidi, yote inazaa, ukala na jiko lake. Ottilia aliingia zizini kuwatoa mbuzi. Mbuzi walitoka wote wazima. Yeye alitoka na mkono wa kushoto umeungua kuanzia kwenye kiwiko, na vidole viwili vya mkono huo havinyooki hadi leo.

Mahakamani Romanus hakusumbua mtu. "Kiberiti changu, mkono wangu, shamba langu," alimwambia hakimu. "Upepo tu ndio haukuwa wangu." Akapewa miaka minne. Hakukata rufaa.

Alikuwa ametumikia mwaka mmoja na nusu tezi dume ilipomzibia mkojo. Wakamkimbiza hospitali, akawekewa mpira na mfuko wa kukingia mkojo, daktari akaandika kwamba mzee huyu lazima apasuliwe, na kwamba akisubiri upasuaji ni bora asilale kwenye msongamano, maana mpira ni mlango na uchafu haupigi hodi. Gereza likampa ruhusa ya muda, siku thelathini, kwa sababu za kiafya na za kibinadamu. Akae nyumbani kwake. Asitoke nje ya kata ila kwenda hospitali. Kila Jumatatu ajionyeshe kwa mtendaji wa kijiji. Na siku ya mwisho, Ijumaa, kabla ya saa tisa alasiri, awe getini.

Alirudi mwisho wa Februari, amevaa koti refu kwenye jua ili mfuko usionekane. Avelina alipanda kutoka ziwani na furushi la dagaa kuja kumuuguza. Kijiji nacho kikafanya kile ambacho kijiji hufanya kikiwa hakijui kifanye nini, kikapita mbali. Watu waliomba radhi kwa haraka ambayo hawakuwa nayo.

Jumamosi ya pili, asubuhi, Avelina akasikia mafyekeo. Alipotoka akakuta wanaume sita wa jumuiya wamo shambani kwa baba yake, na njiani wanawake wamesimama na majembe, wanaangalia kazi itakayowafikia wiki inayofuata majani yakishakauka. Mbele yao Ottilia. Avelina akapiga goti.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Baba yako yupo?"

"Yupo ndani. Ila hawezi kutoka sana, ana..."

"Sikuja kumwona yeye. Nimekuja kuona majani."

"Majani, mama?"

"Yakifika Oktoba yamesimama hivi, yule bwana atawasha tena. Mimi nina jiko jipya."

"Oktoba baba atakuwa amesharudi gerezani, mama."

"Atawasha kwa barua," Ottilia akasema, akageuka kuwaambia wanaume wasikate juu juu kama wananyoa mtoto.

Jumamosi iliyofuata wakapanga na kuchimba. Wanawake kumi na mmoja, mbegu za maharage zikamwagwa, majembe yakaanza. Romanus aliketi kwenye kigoda mlangoni, mfuko chini ya koti, akavumilia kwa muda wa nusu saa.

"Huo mstari umepinda," akasema.

"Mzee, wewe angalia mfuko wako, mstari tuachie," wakamjibu wanaume.

Ottilia hakumsalimu. Togwa ya Avelina hakuinywa. Alichimba kwa mkono mmoja na nusu, mdomo wake kimya, kitu ambacho kiliwatisha wenzake kuliko ukali wake. Jioni kulikuwa na ngolo mia tatu na kumi. Aliyezihesabu ni Adrian, mtendaji wa kijiji, mtu mwema, mwenye kalamu nne mfukoni na zote zinaandika.

Upasuaji ulikuwa uwe Jumatatu ya wiki ya mwisho. Wiki hiyo ilipokaribia hospitali ikapiga simu: daktari bingwa, ambaye hutoka mbali na huja kwa zamu, amechelewa. Atafika Jumanne, siku kumi na moja baada ya ruhusa ya Romanus kwisha.

"Akirudi gerezani Ijumaa, jina linatoka kwenye orodha," muuguzi alimwambia Avelina. "Zamu nyingine ni miezi mitatu. Na figo zake nimeziona kwenye vipimo, dada. Sidhani kama zina subira ya miezi mitatu."

Basi ikabidi ruhusa iongezwe. Gerezani wakasema inawezekana, leteni karatasi mbili: ya hospitali, inayosema mgonjwa bado mgonjwa, na ya kijiji, inayosema mgonjwa ana mwenendo mwema. Ya hospitali ilikuwa na mistari minne. Ya kijiji aliiandika Adrian, Jumatatu mchana, akawasomea wote waliokuwepo ofisini.

"Tangu arejee, mzee huyu ameonyesha mabadiliko makubwa ya tabia," alisoma. "Hanywi, hagombani, wala haonekani vijiweni. Aidha, kwa muda mfupi huu amelima shamba lake lote, jumla ya ngolo mia tatu na kumi, na kupanda maharage, jambo ambalo hakulitimiza kwa miaka mitatu kabla ya kifungo. Ni mfano wa kuigwa na vijana wetu. Kijiji kinaomba aongezewe siku za matibabu."

Vichwa vyote vikatikisika kwa kukubali. Katekista alisema barua imekaa vizuri. Na ukiwa mtu wa huku utaelewa ni kwa nini hakuna aliyeshtuka. Kwetu mtu ambaye shamba lake limelala hata akiugua watu husema kajitakia. Huwezi kumwombea huruma mtu bila kwanza kumpa ngolo. Adrian alitafuta sifa kubwa kuliko zote anazozijua akampa mgonjwa wake. Chuoni, kabla hatujaachana, chuo na mimi, walitufundisha kwamba barua moja ibebe hoja moja. Adrian alibeba mbili, na ya pili ikaikalia ya kwanza kichwani.

Jumatano Avelina akazifikisha karatasi zote mbili gerezani. Ofisini alikuwepo Afande Praygod, kijana wa Kilimanjaro, ana miezi sita tu mkoani kwetu. Alisoma ya hospitali, akaiweka. Alisoma ya kijiji, akarudia.

"Dada, baba yako anaumwa nini?"

"Tezi dume, afande. Ana mpira."

"Na ngolo ni nini?"

Avelina akaeleza kwa mikono. Shimo, upana huu, kina hiki.

"Mashimo."

"Ndiyo, afande."

"Mia tatu na kumi."

Hapo ndipo Avelina alipoelewa. Anasema alihisi kama mtu aliyekanyaga ngazi ambayo haipo.

"Mimi nina miaka thelathini na minne na sina mpira wowote," Afande akasema. "Ukinipa mashimo ishirini kesho utanikuta nimelala."

"Hakuchimba yeye, afande. Hawezi hata kuinama."

"Imegongwa muhuri hapa."

"Mtendaji alikuwa anamsifu."

"Amemsifu mpaka amemponya." Akaikunja barua taratibu, hakuwa na hasira. "Sikiliza dada. Nikiipeleka hii kwa mkuu, nitakayeulizwa ni mimi. Msiniletee barua nyingine ya mtendaji huyu, nitaiogopa zaidi. Ijumaa mzee aje kama ilivyopangwa, na vitu vyake. Kama yupo mtu aliyeona kwa macho nani alichimba, aje naye. Asiwe ndugu yake."

Alhamisi asubuhi Avelina alisimama mbele ya meza ya Adrian.

"Sasa ningeandikaje?" Adrian akauliza, na kweli alikuwa ameumia. "Kwamba mzee amekaa kwenye kigoda wiki nne?"

"Hivyo hivyo, mtendaji."

"Hiyo si barua ya mwenendo mwema. Hayo ni matusi."

Nyumbani alimkuta baba yake anakunja shati. Mashati yenyewe yalikuwa mawili, lakini alikuwa anayakunja kama mtu mwenye kumi.

"Baba, mama Ottilia alikuwepo. Alianza yeye kuchimba, akamaliza yeye. Si ndugu yetu. Tumwombe."

"Hapana."

"Ukirudi kesho hupasuliwi. Unajua maana yake?"

"Najua maana yake, mimi ndiye niliyeuvaa huu mpira." Akaweka shati ndani ya mfuko wa rambo. "Nilimuunguza mkono, Avelina. Leo nikamwazime na mdomo?"

"Nitakwenda mimi."

"Usiende."

Akaenda. Usiende ya Mzee Romanus aliizoea tangu siku alipotaka kuolewa Kihagara.

Ottilia alikuwa uani anachambua maharage. Avelina alimsalimia, akakaa chini, akaeleza jambo lote, kisha akampa nakala ya barua. Ottilia aliishika kwa mkono wa kulia, akaisoma polepole, midomo ikitembea. Alipofika mahali fulani midomo ikasimama.

"Nani kalima?"

"Mama, ni Adrian tu, alitaka..."

"Nimeuliza nani kalima hapa. Imeandikwa nani?"

"Baba."

"Yeye." Ottilia akaweka barua kwenye ungo, juu ya maharage. "Nimechimba na vidole vitatu. Hilda amechimba na mimba ya miezi sita. Wanawake kumi na mmoja tumekunywa vumbi toka asubuhi, halafu ngolo zetu mia tatu na kumi kapewa mwanaume mwenye koti."

Avelina akaitazama barua juu ya maharage.

"Marehemu mama yako alichimba shamba lile miaka ishirini na mitatu. Wageni wakaja na kamera, wakapiga picha mistari ya mumewe. Mashimo hakuna aliyeyapiga picha. Lidia alikuwa anacheka, nami nikanyamaza kwa sababu yeye anacheka." Akasimama, akakung'uta kitenge. "Hii sinyamazi. Kesho gari saa ngapi?"

Ijumaa gari la parokia lilikuwa linakwenda Mbinga kuchukua saruji. Romanus alikaa mbele na dereva kwa ajili ya mpira wake. Ottilia alikaa nyuma na Avelina, na kwa njia nzima alisema neno moja tu, kumwambia dereva apunguze mwendo kwenye mashimo. Hakusema kwa ajili ya nani.

Saa tano na nusu walikuwa mbele ya Afande Praygod. Romanus ameshika mfuko wake wa rambo mapajani. Afande akaanza kumwuliza yeye, lakini aliyejibu ni Ottilia.

"Afande, kwenu wanaume wanachimba ngolo?"

"Kwetu hakuna ngolo, mama. Kwetu kuna migomba."

"Basi huku kwetu wanachimba wanawake. Mwanaume akishika jembe la ngolo tunajua mkewe kamkimbia. Huyu hapa hajachimba shimo hata la kufukia panya. Tumechimba sisi kumi na mmoja, majina ninayo, waite mmoja mmoja uwaangalie viganja. Cha kwanza hiki."

Akaweka viganja vyote viwili mezani. Afande akatazama cha kulia, kilichojaa sugu, kisha cha kushoto.

"Huu mkono umefanya nini, mama?"

"Umeungua."

"Uliungua lini?"

"Swali hilo jibu lake umelikalia, afande. Fungua faili."

Afande akafungua faili, akapekua hadi kurasa za mwanzo, kidole kikashuka, kikasimama. Akamtazama Ottilia, akamtazama Romanus, akarudi kwenye karatasi.

"Wewe ndiye mlalamikaji."

"Mimi ndiye niliyeungua. Kulalamika ni ninyi mliandika."

Kumbe barua ya kijiji iliambatana na fomu ya kuongeza ruhusa, na kwenye fomu kulikuwa na kisehemu cha maoni ya aliyekosewa. Adrian alikuwa amekiacha wazi. Mtu mwenye kalamu nne hakuthubutu kuvuka kijito kwenda kumwuliza Ottilia Ndunguru swali moja.

"Hapa inabidi nikuulize," Afande akasema, na sauti yake ilikuwa imebadilika. "Una pingamizi lolote mfungwa huyu akiongezewa siku nje?"

Avelina anasema alisikia saa ya ukutani, na kwamba ile saa ilikuwa mbovu, ilikuwa inapiga bila kusogea.

Romanus ndiye aliyesema. "Dada Ottilia, ukitaka nibaki humu leo, mwambie. Sitakulaumu."

"Hujaulizwa," Ottilia akasema. Kisha akamgeukia Afande. "Mkono wangu hauponi kwa huyu kufa. Ungekuwa unapona ningekuja peke yangu, na ningekuja mapema. Andika. Apasuliwe. Apone. Arudi amalize miaka yake, na aimalize akiwa na figo zote mbili, asije akafia humu katikati halafu watu waseme alionewa."

Afande akaandika. "Niandike umemsamehe?"

"Fomu inauliza hilo?"

"Hapana, mama."

"Basi na wewe usiulize."

Afande akachukua fomu na faili, akaingia ndani kwa mkuu wa gereza. Wao wakakaa kwenye benchi la nje. Saa sita ikapita. Saa saba ikapita, mkuu ana kikao. Saa nane. Ruhusa ilikuwa inakwisha saa tisa, na baada ya hapo hata karatasi ikisainiwa ingekuwa ya mtu aliye ndani, maombi yaanze upya, na Jumanne ya daktari haisubiri maombi. Romanus alikaa wima kama mtu anayepigwa picha ya kitambulisho. Jasho lilikuwa linamtoka, lakini koti hakuvua.

"Mfuko wa baba yako umejaa," Ottilia akamwambia Avelina bila kugeuza shingo. "Kamwage. Usimwache akae hivyo, mkojo utarudi juu."

Saa nane na dakika arobaini Afande akatoka. Siku ishirini na moja. Ila mkuu ametoa masharti: kwa kuwa taarifa ya mtendaji imetia mashaka, mfungwa ajionyeshe kwa mdhamini mkazi wa kijiji, kila siku asipokuwa hospitali, saa mbili asubuhi. Avelina akasogea kusaini.

"Wewe unakaa wapi?"

"Kihagara."

"Hiyo ni Nyasa, wilaya nyingine. Nataka wa kijijini."

Wote watatu wakabaki wanaangalia sakafu, kila mtu kipande chake. Ottilia akavuta kalamu.

"Asipoonekana saa mbili na dakika tano nakupigia," akamwambia Afande. "Nipe namba yako."

Hivyo ndivyo Mzee Romanus alivyoanza kuvuka kijito kila asubuhi. Njia ilipita katikati ya visiki vya mibuni aliyoichoma mwenyewe, na njia nyingine haikuwepo. Alisimama mwisho wa uwanja na koti lake. "Hodi." Ottilia anainua kichwa. "Nimekuona. Nenda." Siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Kijiji kizima kilijua saa mbili imefika kwa kumwona Mzee kwenye daraja la magogo.

Siku ya nne hakuondoka.

"Nilitaka kusema neno, Ottilia."

"Ulishasema kwa hakimu."

"Kwa hakimu nilisema nimekosa. Kwako sijasema kitu."

"Sema basi. Nina maharage ya kuchambua."

"Ile Machi ya kwanza Lidia akiwa hayupo. Ningekuita, ungekuja?"

Mikono ya Ottilia ikasimama kwenye ungo. "Nilinoa jembe," akasema. "Nikakaa hapa nilipokaa siku tatu, nasikiliza kama utaita. Siku ya nne nikalirudisha ndani."

"Sikuita."

"Hukuita."

Avelina, aliyekuwa amemsindikiza baba yake, anasema hakuna aliyelia wala kushikana mikono, asije mtu akaongezea. Ottilia alisema saa mbili imepita, na kesho aje na kigoda chake, amechoka kumwona amesimama kama mdaiwa.

Jumanne akapasuliwa. Daktari bingwa alifika kweli, amechoka na safari, akawapasua wagonjwa sita, wa nne alikuwa Romanus. Siku nne wodini, mpira ukatolewa, akarudi bila koti. Wengi wetu tulikuwa tumesahau kwamba chini yake kuna mtu mwembamba. Daktari aliagiza anywe maji mengi, na agizo hilo lilimfikia Ottilia kabla halijamfikia mgonjwa. Saa mbili asubuhi alikuta jagi limesubiri. Mdhamini alikaa mbele yake mpaka liishe.

"Ottilia, nitapasuka tena."

"Kunywa. Umeandikwa kwangu."

Siku ya ishirini na moja ilikuwa Ijumaa nyingine. Romanus alisema anaweza kwenda mwenyewe, na Avelina akasema atampeleka yeye, kisha arudi zake ziwani. Ottilia hakubishana na mtu. Alivaa kitenge cha Jumapili akatangulia barabarani. Saa nne walikuwa getini, zikiwa bado saa tano nzima kufika saa tisa. Afande Praygod akaja, akamtazama mzee aliyenyooka, akatabasamu, akafungua kitabu cha kupokelea.

"Mama, kazi yako imeisha. Asante."

"Bado. Nipe karatasi."

"Karatasi gani?"

"Ya kwamba nimekurudishia mtu. Nilisaini kumchukua, sasa saini kumpokea."

"Mama, hatuna fomu ya hivyo."

"Una mkono. Andika."

Afande aliangalia nyuma yake kama kuna mkubwa anayemwona, akachana karatasi kwenye daftari, akaandika. Akamsomea. "Nimempokea Romanus Kapinga kutoka kwa mdhamini wake Ottilia Ndunguru, leo, kabla ya muda."

"Hujamaliza. Andika yuko mzima. Nisije kuambiwa nilimleta mgonjwa."

Akaongeza: akiwa mzima. Ottilia akaichukua, akaisoma hadi mwisho, akaikunja mara mbili na kuitia ndani ya blauzi. Romanus alikuwa ameshaingia, amesimama upande wa pili wa geti na mfuko wake wa rambo, anasubiri afungiwe.

"Machi ijayo bado utakuwa humu," Ottilia akamwambia.

"Nitakuwa humu."

"Nani atakufyekea?"

Mzee Romanus akashika nondo za geti. Afande mwenyewe alisubiri, funguo mkononi.

"Nakuomba, dada Ottilia," akasema. "Uwaite watu wa jumuiya."

"Haya," Ottilia akasema, akamshika Avelina mkono, wakaondoka kutafuta gari.